Timazi

Mafundi ishirini na mmoja wa chama cha kuweka na kukopa, Mafinga,
tulitoka saa kumi na moja alfajiri, baridi ikitafuna masikio,
kwenda kuangalia kuta za watu wengine.
Mweka hazina alisema faida ya mwaka huu haigawiki,
ukiigawa ni soda mojamoja. Basi tutembee.

Iringa ilikuwa haijavua blanketi.
Bomani alitungoja Oresta Ngwale, mwongoza wageni,
sweta ya kijani, karatasi imekunjwa mara nne.
"Kamwene," akasema,
tukaitika wote, hata Msambaa wetu.
Akaanza: Wajerumani, mwaka fulani, hospitali, kisha ofisi...
Hakuna aliyemtazama usoni.
Huyu anagonga jiwe kwa kifundo cha kidole,
yule kafumba jicho moja anapima kona,
Fabiani Mlowe kapiga magoti, anakwangua chokaa kwa ukucha,
anaonja.
"Jamani," dada akasema, "mmekuja kutazama au kununua?"

Kalenga tukauliza: ngome iko wapi?
"Mnaikanyaga."
Mahindi yalikuwa yamefika magotini.
Akatembea hatua zake akihesabu, akasimama kwenye tuta:
hapa ukuta ulipita, juu kumshinda mtu na mwenzake begani,
mpaka mizinga ilipopanda kilima kile.
"Na hapa," akasema, "ilikuwa kona."
Tukaitazama hewa.
Lutengano, asiyekwenda hata msibani bila timazi,
akaitoa mfukoni, akaining'iniza pale pale.
Ikayumba. Ikayumba kidogo. Ikatulia.
"Umenyooka," akasema,
wala hatukucheka.

Tosamaganga tulifika na njaa.
Bustani ya masista ina mafyulisi, mawaridi,
na mfereji wa maji unaozungumza peke yake.
Sista mmoja akatujazia kofia matunda,
akatuonya tusiteme kokwa kanisani.
Mle ndani Oresta akasoma karatasi yake taratibu,
madirisha, kengele, majina ya mapadri.
Mimi nilikuwa nje, ukuta wa nyuma,
usikopigwa picha.

Tofali la nne kutoka chini, karibu na pembe:
unyayo.
Wa mtoto. Vidole vitano, kisigino hakikugusa,
maana alikuwa anakimbia.
Nikamwona: matofali mabichi yameanikwa uwanjani,
mama yake anapiga kelele, eee wewe!
na mfyatuaji, sijui nani,
analitazama tofali lililoharibika,
halitupi,
analiingiza tanuruni pamoja na mengine.

Nikamwita Oresta. Akachutama, akafunua karatasi,
akaigeuza upande wa pili.
"Hapa hakuna," akasema.
Akaazima kalamu yangu ya seremala.

Sasa nitasema, kwa kuwa wenzangu wanasinzia
na gari limeshaipita Ifunda.
Darasa la Sita B, ile shule ya kwetu, nilijenga mimi.
Mchanga ndoo kumi na mbili, saruji moja.
Mifuko minane iliuzwa usiku, na nilinunua bati.
Lipu niliipaka vizuri, mkaguzi akanipa mkono.
Wanasema kuta zina masikio. Wangu umeota mdomo,
ufa unaoanzia dirishani kwenda juu,
na kila masika mwalimu mkuu ananitafuta na mimi sipatikani.
Watoto huegemea pale wakingoja uji.

"Lutengano."
"Mmh."
"Niazime timazi."
"Kesho Jumapili, fundi. Unajenga nini?"
"Sijengi."
Akanitazama kwa jicho lile moja la kupimia kona.
Kisha akaizungushia kamba yake, mara tatu, polepole,
akaiweka kwenye kofia yangu,
juu ya kokwa za mafyulisi.