Sikio la Mchikichi

Nilidhani mtoto kabandika udongo.
Pale shinani, upande unaotazama jiko la mawese,
kitu cheupe, kidogo kama kidonge cha malaria,
laini ukikigusa.
Nikakifuta kwa kisigino, nikapanda.

Mimi ni mkwezi. Mti naujulia juu.
Nikishafunga kamba kiunoni na kuizungusha
sina habari na ardhi tena:
naona mabati ya Mahembe, naona mkungu umeiva,
nasikia chikichi zikianguka po, po,
na Skolastika Ntirampeba akifoka huko chini
nisimtilie takataka kwenye ndoo.

Mvua za Machi zikapita. Kidonge
kikawa kitako cha bakuli, kikawa rafu,
mgongo wa kahawia uliokoza wekundu, unang'aa
kama kiti kilichopigwa vanishi na fundi wa Mwandiga
anayetaka kulipwa mapema,
na ukingoni mstari mweupe,
mdomo wa mtu aliyetoka kunywa maziwa.
Leokadia, mjukuu, akaweka sabuni juu yake.
Kikabeba. Kikabeba sabuni, kikabeba na dodoki.
Tukacheka: mti umetuotea kabati.

Chini yake kila asubuhi palikuwa na vumbi,
laini kuliko kakao. Tulilifagia.
Tulilifagia vizuri sana,
mpaka kwenye mashina mengine.

Huko juu nilikuwa na habari zangu.
Makuti machanga matatu yamesimama kama mikuki,
hayataki kufunguka.
Ya chini yamelala, sketi kuukuu.
Nikasema, jua hilo. Nikasema, mbolea.
Kamba ilijua mapema kuliko mimi:
siku moja niliegemea kushoto
na mti ukafikiri kwanza
ndipo ukanifuata.

Bwana shamba Gwimo alikuja na pikipiki iliyolowa tope.
Hakutazama juu hata mara moja. Iliniudhi.
Alichuchumaa, akageuza panga, akagonga kwa mgongo wake:
ko. Ko. Ko.
Kisha, karibu na sabuni: bu.
Kama debe lililojazwa matambara.

"Huu ulishakufa," akasema.
"Unazaa," akasema Skolastika.
"Unazaa," akakubali.

Akasema hilo sikio mnaloliona si ugonjwa,
ni ugonjwa umeshiba, umetoka kupunga upepo.
Wenyewe uko chini, unapita mzizi kwa mzizi
kama deni la marehemu linavyohama nyumba.
Mkilikata sikio mtakuwa mmekata sikio tu.
Ng'oeni kisiki. Chomeni. Shimo liacheni wazi
jua liingie mpaka chini,
na mchikichi mwingine hapo msipande.

Skolastika alikuwa akihesabu kwa vidole.
Mumewe aliupanda mwaka aliorudi kutoka mkonge, Tanga,
na sanduku moja la bati na kifua kibovu.
Kifua kilimmaliza kabla ya mkungu wa kwanza.
Haya hakuyasema kwa Gwimo.
Alimuuliza tu shoka litaazimwa kwa nani.

Halikuazimwa. Usiku wa Ijumaa, bila upepo,
mti ulilala chini.
Hapakuvunjika kitu. Ulikuwa mlio wa mtu
anayeweka gunia begani pa mwenzake.
Asubuhi tukakuta mizizi imekatika mifupi,
meusi meusi, inasagika vidoleni kama ugoro,
na lile sikio bado limeshika shina,
sasa limesimama wima, linasikiliza angani.
Sabuni tuliikuta kwenye majivu. Leokadia akaiosha.

Sasa kabla ya kufunga kamba nazunguka na panga.
Watu wananicheka: mkwezi anabisha hodi.
Nagonga, naweka shavu kwenye gamba.
Huu, ko. Ule, ko.
Wa tatu, jirani na shimo, nimegonga leo alfajiri
na sikusikia vizuri, jogoo aliwika.

Sijagonga tena.
Mkungu wake umeiva.
Nimekaa hapa chini na kamba mapajani
nangoja majogoo yanyamaze.