Usiguse

Taa za nyuma zilizimika Mkuyuni, saa moja na nusu jioni,
nikiwa na trei kumi na mbili za mayai kwenye buti
na trafiki amesimama kando ya barabara
kama mwenye sherehe anayepokea wageni.
"Mama, mgongo wako ni giza."
Nikamwambia giza si langu, nimelirithi.
Hakucheka. Aliandika. Elfu thelathini.

Corolla ya marehemu baba, ya mwaka tisini na mbili,
rangi ya chai iliyozidi maziwa.
Kisanduku cha fyuzi kimejificha chini ya dashibodi,
pale goti linapogonga ukiwa na haraka.
Ukitaka kukiona, lala chali,
miguu nje, kichwa kwenye pedali,
wapita njia wa Buhongwa wakibishana kama umelewa au umekufa.

Kifuniko kimeandikwa Kijapani.
Juu ya Kijapani, kwa wino,
mwandiko ulionyooka wa karani wa pamba:
HONI. WAIPA. BREKI. REDIO, halafu mkato, halafu: basi tena.
Na kwenye tundu moja: USIGUSE.

Nikagusa.

Haikuwa fyuzi.
Ilikuwa karatasi ya fedha ya pakiti ya sigara,
imeviringishwa, imesokomezwa kwa ustadi,
katikati imeungua.
Na mimi miaka yote naambiwa
baba aliacha sigara siku niliyozaliwa.

Nkwabi, fundi umeme, aliichomoa kwa koleo
akaiinua juani kama jino bovu.
"Mzee Lugendo alitembea na moto mapajani," akasema.
"Fyuzi imeajiriwa ifie kazini. Huyu aliweka kibarua asiyekufa."
Kisha akaomba nauli ya kurudi Nyakato.

Nikaenda Makoroboi, mahali ambapo jina lenyewe ni taa.
Kijana alinimwagia kiganjani mfuko mzima:
nyekundu za kumi, bluu za kumi na tano,
njano za ishirini, kijani za thelathini,
peremende ambazo hazilambwi.
"Chukua kijani, dada. Hii haitakusumbua."
Nikasema nataka ya kunisumbua.

Ya kwanza ilikaa mpaka nikafika nyumbani.
Ya pili ilikaa kidogo, tik,
ukajikata ule utepe mwembamba kama unywele,
ukaacha ukungu wa moshi kwenye plastiki.
Ya tatu nilikuwa nimeinamia buti, nashusha mayai,
nikafunga mlango wa buti,
na ua mzima ukapoteza wekundu wake.
Nikasimama hapo na trei mkononi.
Mlango wa buti.

Si kisanduku, basi. Si bluu wala kijani.
Kwenye bawaba, chini ya mpira uliopasuka,
waya mmoja ulikuwa umesuguliwa mpaka shaba,
ukigusa bati kila ninapofunga.
Miaka sita ya mayai yangu, fungua, funga.
Na kabla yangu?
Baba hakuuza mayai.
Alikuwa anafungua buti mara ngapi kwa siku,
nyuma ya nyumba, mama akiwa jikoni,
akitafuta nini?

Niliinua tairi la akiba.
Kulikuwa na vumbi, spana namba kumi,
na njiti moja ya kiberiti, haijawashwa.

Nikauvika waya tepu nyeusi, mizunguko mitano,
nikachomeka bluu ya nne, ya mwisho.
Nikafunga buti. Nikafungua. Nikafunga kwa hasira.
Ukuta wa banda ukabaki mwekundu
na kuku wakaguna, kila mmoja na hesabu yake ya alfajiri.

USIGUSE sikuifuta.
Pembeni yake nimeandika, kwa peni inayosuasua:
15. Nimegusa. Minza.

Jioni ya pili, Mkuyuni, ziwa limekwisha kuwa jeusi,
trafiki ni yule yule.
Nikapunguza mwendo kuliko inavyotakiwa,
nikampita taratibu,
aniangalie mgongo mpaka achoke.