Mama wa Swichibodi

Hakupenda kuitwa mwalimu.
"Mwalimu ana chaki," alisema, "mimi nina baridi yabisi."
Lakini kila Alhamisi walizipanda ngazi zake
mjini Huddersfield, juu ya duka la mazulia lililofilisika,
watu kumi na wawili, kumi na wanne mvua ikikatika,
wakakaa kwenye viti visivyolingana
wakimngoja Winifred Haigh awaambie Mungu yuko wapi.

Mimi nililipwa kumwogesha.
Nusu saa asubuhi, nusu saa usiku, wakala akihesabu.
Niliujua mgongo wake kabla ya mafundisho yake.
Siku tatu alijifunza jina langu,
Mwa-na-tu-mu,
kama mtu anayezungusha namba ya mbali
na hataki kukosea.

Miaka thelathini na mmoja alikaa mbele ya ubao wa simu,
visikizi masikioni, waya mikononi,
mji mzima wa viwanda vya sufu ukipita kwenye vidole vyake:
posa, madeni, vifo vya alfajiri.
"Nilichomeka. Nikasikia halo mbili. Nikajitoa.
Dini yangu yote ndiyo hiyo.
Ukibaki kwenye laini, unaiba."

Sikuelewa. Nikamkausha vidole vya miguu.

Akaja kijana wa London, shanga za mbao, kinasa sauti,
akauliza habari za nafsi.
"Mama yako ulimpigia lini?"
Kijana akacheka. Mama hakucheka.
Akamsukumia simu ya mezani, akatutoa sote nje,
tukabanana ngazini na makoti yenye maji
tukiutazama mlango.
Somo liliishia hapo. Biskuti hazikuliwa.

Simvishi kilemba cha ukoka.
Alikuwa bahili wa gesi, na kwenye karata aliiba waziwazi.
Na dada yake, Nellie, hawakusemezana
tangu mazishi ya baba yao.
Namba ya Nellie ilikuwa ukutani, kwa penseli,
kando ya swichi ya taa. Nilipangusa vumbi
nikiizunguka, bila kuuliza.

Februari, theluji dirishani, povu bado shingoni,
akasema: "Ile ya ukutani. Mikono yangu haiwezi."
Nikabonyeza. Ikalia mara tisa.
Nikasikia halo mbili.
Nikaenda jikoni, nikafungua bomba la maji
mpaka mwisho, nisisikie la tatu.
Dakika arobaini. Wakala alinikata mshahara.

Alipokufa walinifuata, madaftari wazi:
neno lake la mwisho lilikuwa lipi?
Lilikuwa "maji yamepoa."
Hawakuliandika.
Usiku ule nikamtungia kwa mizani ya kwetu,
asiyoijua:

Kuna nyaya zimekatwa, na nyingine zina kutu,
Na namba zimeshafutwa, hazijibiwi na mtu,
Kila simu ikiletwa, hukuidokoa katu,
Leo Wini umeitwa, ukajitoa kwa utu.

Alhamisi iliyofuata walikuja tena.
Kiti chake kitupu. Wakanitazama mimi.
Nikawasha birika, nikawaonyesha sukari ilipo,
nikavaa koti. Bwana Ackroyd wa mtaa wa tatu
miguu inamvimba, ananingoja.

Kwenye basi nilifungua simu yangu.
Kaka yangu, Muheza. Miaka sita,
kwa ajili ya shamba lisilofika ekari mbili.
Sikupiga.
Nilisoma namba yake, tarakimu moja moja,
nikapitiliza kituo.