Imepokelewa

Mimi ndiye niliyegonga mihuri.
Barua ya kwanza ilikuja Machi, karatasi ya daftari la hesabu,
kila herufi imekaa chumbani mwake:
“Mimi Sikudhani Pazi wa Tandika
nafua mashuka ya hospitali usiku; mchana ndio usiku wangu.
Baa ya Nyota Njema imeegemeza spika
kwenye ukuta wa kitanda changu.”
Nikagonga: IMEPOKELEWA.
Afisa afya akaandika pembeni, wino mwekundu,
“Mtendaji wa kata, kwa hatua zako.”
Mtendaji akaandika, “Suala la polisi.”
Polisi wakaandika, “Suala la leseni,”
na leseni ni sisi. Ikarudi imenenepa.
Mtu akizungushwa hukonda;
barua hunenepa.

Alipokuja dirishani nilimpa
neno tunalofundishwa wiki ya kwanza kazini:
linafanyiwa kazi.
Hakugomba. Mikono yake ilinukia jiki.
Aliuliza tu, “Na nani?”

Barua saba.
Ya nne niliitandikia chupa ya chai;
duara lake lipo hadi leo,
na wakili wetu aliligeuzageuza mbele ya jaji
akidhani ni mhuri.

Nilitarajia radi. Zilikuja kurasa mbili.
Mahakama Kuu haikusema Nyota Njema inyamaze,
haikusema nani ana haki na usingizi.
Ilisema: mlipewa lalamiko, kuliamua ni kazi yenu.
Likubalini au likataeni, na sababu mzitoe,
ndani ya siku ishirini na moja.
Kukaa kimya si uamuzi.

Basi ofisi nzima ikaota miguu.
Jalada lililokuwa “kwa bosi” mwaka na nusu
lilipatikana kwa dakika kumi,
chini ya feni mbovu.

Siku ya kumi na tisa tulikwenda:
mimi na jalada, Bwana Kihwelo wa mazingira
na kipimo cha sauti, kipya, bado kina nailoni yake.
Saa saba mchana, jua la kupasua utosi.
Tandika kimya.
Umeme ulikuwa umekatika tangu asubuhi.
Spika zimetulia ukutani,
zina adabu kama mkwe siku ya kwanza.
Kihwelo akanyoosha kipimo hewani;
kikasoma jogoo, kikasoma mtu anakuna nazi.
Akaandika, “Hali ni shwari,” akatia saini,
akawahi gari.

Nikabaki na nakala ya mlalamikaji kusaini.
Mlango ulikuwa wazi kidogo kwa sababu ya joto.
Amelala. Ndala moja bado mguuni,
kinywa wazi, mkono umening'inia nje ya kitanda,
kama mtu aliyekamatwa na usingizi akiwa bado njiani.
Barua ni ya kelele; nibishe hodi?
Nikakaa kizingitini, jalada mapajani,
saa moja, na nusu yake,
na kila aliyepita aliniuliza shida yangu,
nikasema namsubiri mwenyewe.
Sikuwahi kukaa upande huu wa dirisha.

Saa tisa kasorobo umeme ukarudi.
Kwanza friji ya jirani ilikohoa,
kisha ukuta wenyewe ukashtuka,
glasi kabatini zikaanza kusengenyana,
na nyuma yangu kitanda kikalia: ameamka.
Nikampigia Kihwelo.
“Vipi tena?”
Sikumjibu.
Niliielekeza simu ukutani
nikaishika hapohapo
mpaka mkono ukaniuma.