Baa Nazijua kwa Milango

Mgeni wa leo mmoja tu, Bwana Hirabayashi,
mpishi mstaafu, goti la kulia bovu.
Kwenye karatasi kaandika: baa tatu, usiku mmoja, kwa miguu.
Kwao, anasema, kuna kichochoro
chembamba kuliko hichi chetu cha Mkunazini,
kila baa viti sita, mwenyewe mama mtu mzima;
unakunywa kimoja, unaaga, unasukuma mlango wa pili.
Kijapani nimekisomea miaka miwili, cheti kipo kabatini.
Nilimuelewa yote, isipokuwa jina la samaki.
Naye nilimwambia yote,
isipokuwa kwamba mie Mize, muongozaji wake,
baa nazijua kwa milango.

Ya Shangani ni msaji na misumari ya shaba.
Aliinama, akaingia.
Nikabaki nje na chupa yangu ya tangawizi, nasikiliza vicheko:
cha wageni kinapanda ngazi,
cha wenyeji kinazibwa kwa kiganja.
Robo saa katoka. "Baridi," akasema. "Bia na watu."

Ya Malindi haina mlango, ina pazia la plastiki kama bucha.
Ndani wamo mabaharia, makarani,
na mwalimu wangu wa hesabu, ambaye hayumo,
kwa kuwa mie sikumuona
na yeye hakuniona.
Mlango huo mzito kuliko ule wa Shangani.

Ya Kikwajuni ni geti la bati. Jenereta, muziki wa bara,
Mama Scola wa Songea anamfutia mgeni kiti kwa kanga.
Huko alikaa saa nzima.
"Dada, unamngoja mume?" akaniuliza kijana wa bodaboda.
"Nangoja mshahara."
Ndipo akapita shangazi yangu Mwanaacha, anatoka msibani.
Akalitazama geti, akanitazama mie,
akasema, "Haya."
Haya hiyo itafika nyumbani kabla yangu,
itavua viatu, itakaa mkekani.

Saa tano. Baa tatu zimetimia, goti linamuuma,
macho hayajashiba. Akanyoosha kidole: ile je?

Ile ilikuwa baraza ya Machano muuza kahawa,
saruji, redio, wanaume saba
na ugomvi wa mpira tangu Jumapili.
Nayo naijua kwa kuipita,
salamu mdomoni, macho miguuni.
"Ile si baa."
"Viti?"
"Hakuna."
"Mlango?"
"Hauna."
Akaenda.

Machano akammiminia. Kikombe kisicho mkono,
cha kumezwa na ngumi.
Akakishika kwa mikono miwili, akakigeuza, akacheka peke yake:
kwao cha pombe ni hichi hichi, umbo hili, ujazo huu.
Nikatafsiri, nimesimama pale taa isipofika.
Mmoja akaleta astaghafiru.
Mwengine akauliza, sasa huko wanalipana vipi?

Kisha akaliomba dele.
Dele haliombwi. Machano akasita, akampa.
Akammiminia wa kulia, wa kushoto, wote saba,
chake akakiacha kitupu:
kwao, akasema, mtu hajimiminii.
Akamimina cha nane. Akaipangusa saruji kwa leso yake
na kunitazama.

Mpira ukasimama. Redio ikaendelea na matangazo ya vifo.
Sijui nani alisogea mwanzo;
nilisikia kanzu zikiburuta,
na nafasi ikapatikana, ya mtu mmoja mwembamba.

Chungu. Nilisahau kashata.
Nikanywa hadi machicha, na bado wananikodolea,
kikombe cha Hirabayashi kitupu mbele yake,
mpaka nikang'amua, nikalishika dele,
la moto kuliko nilivyodhani,
nikamwagia goti lile lile bovu.

"Afadhali," akasema, kwa Kiswahili,
neno alilofunzwa na Mama Scola.