Safu ya Nne

Fomu imeshuka kutoka makao makuu na safu saba.
Ya nne haina kichwa. Wameandika kwa penseli:
*tafuteni neno la Kiswahili*,
na chini yake maana: mahali pasipo chombo cha kupimia.

Nikafungua kamusi ya ofisi, ile iliyoliwa pembe na mchwa.
Ala, inasema, ni kifuko cha ngozi kinachovishwa kisu.
Ala tena ni chombo cha kufanyia kazi.
Ala tena ni zeze, ngoma, kinanda.
Kisha ipo moja peke yake, na alama ya mshangao:
ala!
ya mtu aliyekanyaga asichokitarajia.

Hilali Kiembe wa meza ya pili akasema, andika *tupu*, twende chai.
Nikamwambia tupu ni debe.
Mto hauwi mtupu kwa sababu mimi sijui kina chake.

Basi nikajaribu, na neno likawa halitulii,
kila mlango linabadili viatu:
kituo kisicho na ala,
daraja lisilo na ala,
maji yasiyo na ala,
na mwishoni, bila kukusudia,
mtu asiye na ala,
nikaitazama mikono yangu juu ya meza.

Luiche ulikuwa na rula yake darajani,
ya chuma, namba nyeusi, mstari kila sentimita mbili.
Mafuriko yaliikunja.
Vijana wa vyuma chakavu wakamalizia.
Tangu hapo nikitaka habari za mto
namuuliza Bi Nyabhenda, mwenye majaruba ng'ambo.
Leo ugokoni, anasema.
Jana chini ya goti, vidole viwili.
Mwaka aliozaliwa kitinda mimba wangu, kitovuni,
nikavuka na mbegu kichwani.
Nikaandika. Akanishika kalamu.
*Lakini nafupika, mwanangu.
Goti la leo si goti la mwaka ule.
Usiyaweke kwenye mstari mmoja.*
Miaka kumi na tisa kazini
sijaona chombo kilichonionya hivyo.

Jumapili, Gungu, umeme ulikatika katikati ya pambio.
Kinanda kikalala na mdomo wazi.
Mwalimu Ruhanuka akagonga nondo ya dirisha kwa ufunguo,
akainamisha sikio,
akasema hiyo ndiyo *do*, shikeni.
Wakashika.
Hakuna aliyesema kwaya ina upungufu.
Walisema tu, wameimba bila ala,
kama unavyosema mtu amekuja kwa miguu.

Nikarudi nyumbani nikidhani nimelipata neno.

Usiku wa Jumanne mvua ilinyesha huko juu, milimani;
mjini hatukupata hata tone.
Luiche uliteremka gizani na magogo, na choo cha mtu kizima, na paa lake.
Saa ngapi? Hatujui.
Kwa kasi gani? Hatujui.
Asubuhi Bi Nyabhenda alikuwa ukutani kwake na kipande cha mkaa,
akifuata ukingo wa tope, taratibu,
kama fundi anayepima pazia.
Mstari ulipita juu ya kitasa.
Majaruba yote yalikuwa ziwa.
Nikasikia mdomo wangu ukisema ala!
na hapo ndipo nikakumbuka ile maana ya kwanza,
ya ngozi na kisu.

Nikaijaza fomu siku hiyohiyo, matope mpaka kwenye saini.
Safu ya nne: *Mto hauna ala.*
Safu ya tano, kina cha juu kabisa:
*juu ya kitasa cha mlango wa Bi Nyabhenda, kiganja kimoja, cha kwake.*

Imerudi leo na basi la asubuhi.
Wino mwekundu umezungushia safu ya tano: *Andika kwa mita.*
Kwenye ya nne wameuliza:
*Ala ipi? Fafanua.*

Hilali ananiita chai.
Nimekaa nayo bado.