Viazi vya Darasa la Tatu

Mwaka ule hatukufungua vitabu hadi Novemba.
Mwalimu Fagilya alitupanga wawili wawili,
akatugawia ndoo, tukaenda kung'oa viazi.
Vilikuwa vinono, vyekundu, vimeshiba mvua.
Tukavijaza ndooni,
ndoo tukazimimina handakini,
trekta likafukia.

"Vina ugonjwa," alisema mtu wa wilayani,
glavu za mpira hadi viwikoni.
Sisi mikono mitupu.
Nurzida, mdogo wangu, akauliza: ugonjwa gani?
Yule mtu akatazama saa yake.

Gazeti lilikwisha kuandika kwamba Jumapili usiku
mbingu ya Urali iliwaka zambarau,
taa za kaskazini, tunu ya macho.
Baba alilisoma mara mbili,
kisha akafungia chumvi.

Ng'ambo ya msitu wa mibetula
kulikuwa na mji ambao ramani haikuujua.
Moshi wake tuliujua.
Tangi lilipasuka huko:
hayo niliambiwa nikiwa tayari bibi wa wajukuu wawili.

Askari waliwapiga risasi bata bukini wetu bandani.
Maziwa yakamwagwa, theluji ya kwanza ikayanywa.
Mama akatia kidole katika karatasi:
asitamke neno kwa miaka ishirini na mitano.
Hakujua kusoma Kirusi. Alijua kunyamaza.
Lori likatuhamisha,
kilomita kumi na mbili,
ukingo wa mto uleule.

Masika barafu ilipovunjika
Nurzida alianza kutoka damu puani,
akiidondosha juu ya daftari, akiifuta kwa kiwiko,
akiendelea na hesabu zake za kugawanya.
Daktari akaandika: lishe duni.
Lishe duni!
Mtoto aliyelamba asali ya mzinga wa baba
hadi akafukuzwa na nyuki.

Mficha maradhi, kifo humuumbua.
Ndivyo isemwavyo.
Kwetu walioficha walistaafu na nishani,
kifo kikaja kuwaumbua waliofichwa.

Juzi kijana mmoja wa tume alikuja na kifaa.
Akakipitisha mlangoni, kimya.
Kisimani, kikakohoa.
Nikampeleka kwenye handaki, kwa miguu,
nikipumzika kila hatua thelathini,
na pale kikalia kama kriketi wa jikoni.
Akaandika namba.
Nikamwomba aandike na swali la Nurzida.
Akageuza fomu mbele, akaigeuza nyuma.
Nafasi, akasema, haipo.